Playboy: jarida la sungura linalotafuta sura mpya mbele ya wanawake

Mwezi wa nne 2023, Ufaransa ilikuwa katika moto. Serikali ya Rais Emmanuel Macron ilikuwa imepitisha sheria ya kuongeza umri wa kustaafu kutoka miaka 62 hadi 64, bila kura ya wabunge, na watu walikuwa barabarani kila wiki. Ni katika siku hizo ndipo ilijulikana kwamba mmoja wa wanamemba wa serikali hiyo, Bi Marlène Schiappa, atatokea kwenye ukurasa wa kwanza wa Playboy ya Ufaransa.

Hakuwa uchi. Alivaa nguo nyeupe, na ndani ya jarida kulikuwa mahojiano marefu juu ya haki za wanawake na juu ya uhuru wa mwanamke kuamua juu ya mwili wake. Bi Schiappa si mgeni katika mambo hayo: alipokuwa na mamlaka ya usawa kati ya wanaume na wanawake, alitetea sheria ya 2018 inayomtoza faini mtu anayemsumbua mwanamke barabarani. Lakini wenzake hawakufurahi. Waziri Mkuu Élisabeth Borne, mwanamke pia, alimwambia kwamba jambo hilo halifai, zaidi katika wakati kama ule. Wapinzani walicheka. Wengine walikasirika. Mwenyewe alijibu kwamba katika Ufaransa mwanamke ana uhuru wa kufanya anavyotaka na mwili wake, iwe inawaudhi watu ao hapana.

Swali ambalo wengi waliuliza ni lepesi: mtetezi wa wanawake anatafuta nini katika jarida ambalo kwa miaka zaidi ya 60 limewauzia wanaume picha za wanawake wasio na nguo? Na jarida lenyewe linatafuta nini kwake?

Jibu la swali la pili ni rahisi zaidi. Playboy inatafuta maisha. Jarida lililokuwa likiuza mamilioni ya nakala kila mwezi limehangaika karibu miaka 10 sasa, likivua na kuvaa tena, likibadilisha wakubwa, likifunga na kufungua, ili kupata namna ya kusimama mbele ya ulimwengu ambao haumtazami tena mwanamke kama zamani.

Yote ilianzia Chicago, mwezi wa kumi na mbili 1953. Hugh Hefner alikuwa na miaka 27, ana mke na mtoto, na alikuwa ameacha kazi katika jarida la Esquire baada ya kunyimwa nyongeza ndogo ya mshahara. Alikopa huku na huku kama dola 8,000. Dola 1,000 kati ya hizo zilitoka kwa mama yake, ambaye alikuwa mtu wa dini na hakupenda wazo lenyewe, lakini alimpenda mtoto. Toleo la kwanza halikuandikwa tarehe, kwa sababu Hefner hakujua kama kutakuwa toleo la pili.

Kilichomwokoa ni picha moja. Mwaka wa 1949, msichana mmoja wa Los Angeles aliyekuwa akitafuta nafasi katika sinema na hana pesa, alikubali kupigwa picha uchi kwa ajili ya kalenda. Alilipwa dola 50. Msichana huyo alikuwa Marilyn Monroe. Miaka minne baadaye alikuwa nyota anayejulikana kila mahali, na Hefner alienda kwa kampuni iliyochapisha kalenda akanunua ruhusa ya kutumia picha kwa dola 500. Hakumwomba Monroe ruhusa. Sheria haikumlazimisha. Jarida liliuzwa senti 50, na nakala zaidi ya 50,000 zilikwisha. Monroe hakupata hata senti moja.

Hesabu hiyo inafaa kukumbukwa, kwa sababu mambo yote yaliyofuata yanarudi pale: nani mwenye picha, nani anaamua itumike wapi, na nani anakula pesa.

Ingekuwa uongo kusema kwamba Playboy ilikuwa picha tu. Wanaume wa Marekani walikuwa na mzaha wao kwamba wanainunua kwa ajili ya makala, na mzaha huo ulikuwa na ukweli ndani yake. Jarida lililipa waandishi vizuri. Kuanzia 1962 lilikuwa na mahojiano marefu, ya kwanza yakiwa na mpiga tarumbeta Miles Davis, yakiongozwa na Alex Haley, mwandishi mweusi ambaye baadaye atajulikana kwa kitabu Roots. Haley alizungumza pia na Malcolm X, na Martin Luther King, na kijana mpiganaji wa ngumi aliyeitwa Cassius Clay. Wakati huo, magazeti mengi ya wazungu hayakuwapa watu weusi kurasa nyingi namna hiyo.

Hata Kongo iliingia humo. Wakati Clay, sasa Muhammad Ali, alipopambana na George Foreman mjini Kinshasa tarehe 30 mwezi wa kumi 1974, mwandishi Norman Mailer alikuwa hapo. Masimulizi yake ya pambano hilo la Zaire, kabla ya kuwa kitabu, yalitoka katika Playboy mwaka wa 1975, katikati ya wasichana na matangazo ya pombe kali.

Lakini milango haikufunguka sawa kwa wote. Msichana mweusi wa kwanza kuwa "msichana wa mwezi" alikuwa Jennifer Jackson, mwaka wa 1965. Ilibidi kungoja hadi 1971, miaka 18 tangu kuanza, ili mwanamke mweusi, Darine Stern, awe peke yake kwenye ukurasa wa kwanza.

Na kulikuwa vilabu. Cha kwanza kilifunguliwa Chicago mwaka wa 1960, ambamo wasichana walihudumia pombe wakiwa wamevaa masikio ya sungura na mkia mweupe nyuma. Mwaka wa 1963 mwandishi wa habari kijana, Gloria Steinem, aliomba kazi katika kilabu cha New York kwa jina la uongo. Alipata. Alichoandika baadaye kiliwaondolea watu ndoto: nguo zinazobana hata mtu kushindwa kupumua vizuri, miguu inayovimba, mshahara mdogo kuliko ule uliotangazwa, alama za makosa kwa kila kitu kidogo, na uchunguzi wa daktari wa sehemu za siri ambao hakuna kazi ya kubeba sinia inayouhitaji. Steinem akawa mmoja wa viongozi wakubwa wa harakati za wanawake Marekani, na Hefner akabaki adui wake wa kwanza.

Ajabu ni kwamba Hefner mwenyewe alijiona kuwa rafiki wa wanawake. Mfuko wake wa msaada ulitoa pesa kwa ajili ya haki ya kutoa mimba, na hata kwa mradi wa sheria wa Ruth Bader Ginsburg, avoka aliyekuja kuwa hakimu wa Mahakama Kuu ya Marekani. Mkono mmoja ulisaidia mwanamke mahakamani, mkono mwingine ulimvalisha mkia.

Toleo lililouzwa kuliko yote katika historia ya Playboy ni la mwezi wa kumi na moja 1972: zaidi ya nakala milioni 7. Katika ukurasa wa katikati alikuwa msichana wa Sweden kwa jina Lena. Kilichompata picha yake baadaye hakuna mtu angeweza kukiwaza.

Mwaka wa 1973, katika chuo kikuu cha kusini mwa California, watafiti wa ordinatere walikuwa wakitafuta picha nzuri ya kujaribia mashine zao. Mtu mmoja aliingia na Playboy mkononi. Walikata sehemu ya juu, uso na bega na kofia yenye manyoya, wakaiingiza katika mashine. Wenzao wakaiomba. Na wengine tena. Kwa miaka zaidi ya 40, uso wa Lena ulitumiwa na watafiti ulimwenguni kote kujaribu namna ya kupunguza uzito wa picha ili zipite haraka, kazi ambayo leo inamwezesha mtu wa Beni kutuma picha kwa simu hadi Lubumbashi. Lena hakuulizwa. Kwa miaka mingi hata hakujua.

Baadaye wanawake katika taaluma hiyo walianza kusema. Mwaka wa 2015 mwanafunzi mmoja msichana wa shule ya sekondari aliandika katika Washington Post jinsi alivyojisikia darasani wakati mwalimu alipowapa kazi juu ya picha hiyo na wavulana wakaenda kutafuta sehemu iliyokatwa. Picha ni nzuri, haina aibu yoyote inayoonekana. Lakini kila msichana aliyeingia katika darasa hilo alikutana kwanza na ukumbusho kwamba wale waliolijenga walikuwa wanaume, na walichokuwa nacho mkononi siku ile.

Jarida lenyewe lilianza kushuka. Video zilikuja, kisha intaneti. Bintiye Hefner, Christie, aliongoza kampuni kwa miaka zaidi ya 20 hadi 2009, na kuweka mwanamke juu ya kiti hakukuzuia maji kupungua. Kutoka nakala milioni 5.6 mwaka wa 1975, Playboy ilifika karibu 800,000 mwaka wa 2015. Picha za uchi zilikuwa za bure katika kila simu. Duka lililokuwa likiuza tunda lililokatazwa lilijikuta katikati ya shamba lisilo na uzio.

Hapo wakubwa walichukua uamuzi ambao ulitangazwa ulimwenguni kote: kuanzia mwezi wa tatu 2016, Playboy haitaonyesha tena mwanamke aliye uchi kabisa. Pamela Anderson alikuwa wa mwisho wa zamani. Toleo jipya lilikuja na msichana aliyepigwa picha kama vile anavyojipiga mwenyewe kwa simu, na ujumbe mfupi juu ya mwili wake kama wa vijana wanaoandikiana. Matangazo makubwa yalitegemewa, na duka ambazo zilikuwa zikificha jarida nyuma zingeweza kuliweka mbele.

Wengine walisifu. Lakini walikosea juu ya sababu. Playboy haikuacha uchi kwa kuwaheshimu wanawake; iliacha kwa sababu uchi haukuuza tena. Na ndiyo maana haikudumu mwaka mzima. Mwanzoni mwa 2017, Cooper Hefner, mtoto mdogo wa mzee, alirudisha picha, akisema kwamba kosa halikuwa uchi bali namna ulivyoonyeshwa. Kitu kingine alichofanya hakikuzungumziwa sana, ingawa pengine kilikuwa kikubwa zaidi: aliondoa juu ya ukurasa wa kwanza maneno yaliyosema kwamba hii ni burudani ya wanaume.

Tarehe 27 mwezi wa tisa 2017, Hugh Hefner alikufa akiwa na miaka 91. Alizikwa Los Angeles, kando ya Marilyn Monroe. Nafasi hiyo alikuwa ameinunua mwaka wa 1992 kwa dola 75,000. Wawili hao hawakuwahi kukutana uso kwa uso.

Siku nane baada ya kifo chake, New York Times ilitoa habari juu ya mtengenezaji wa sinema Harvey Weinstein na wanawake aliowatesa, na katika wiki chache wanawake wa ulimwengu wote walikuwa wakisema yaliyowapata. Ni vigumu kuwaza wakati mgumu zaidi wa kuwa Playboy. Na ni katika mwezi huo wa kumi ambapo jarida lilitangaza kwamba msichana wake wa mwezi wa kumi na moja atakuwa Ines Rau, Mfaransa aliyezaliwa akihesabiwa kuwa mvulana na anayeishi kama mwanamke. Wasomaji wa zamani walitishia kuacha jarida. Cooper Hefner aliwajibu akiwakumbusha 1965 na Jennifer Jackson, na barua za hasira zilizokuja wakati ule.

Miaka miwili baadaye, ofisi ilikuwa mikononi mwa watu wasiofikisha hata miaka 40: mwanaume mmoja anayependa wanaume wenzake, na wanawake wawili. Jarida likawa la mara nne kwa mwaka, bila matangazo, lenye karatasi nzito kama kitabu cha sanaa. Katika kupiga baadhi ya picha walimleta mtu ambaye kazi yake ni kuhakikisha kwamba anayepigwa picha amekubali kila jambo, hatua kwa hatua, na anaweza kusema basi. Mtu wa namna hiyo hakuwepo siku za kalenda ya Monroe. Ilikuwa, kwa ukweli, Playboy nzuri zaidi kwa muda mrefu. Haikuwa na wakati. Mwezi wa tatu 2020 korona ilifunga viwanda na barabara, na kampuni ikatangaza mwisho wa jarida la karatasi Marekani.

Hapa msomaji angeweza kufikiri kwamba habari imekwisha. Lakini jarida lilikuwa limekwisha kuwa mlango tu wa duka kubwa zaidi. Pesa zilikuwa katika sungura: kichwa chenye tai, kilichochorwa na Art Paul tangu mwanzo, kinachokodishwa kwa watengenezaji wa nguo, mifuko na manukato. Katika China, ambako jarida halikuruhusiwa, sungura huyo amekuwa kwenye mashati ya watu kwa miaka mingi. Hata katika masoko ya mitumba ya Goma, Bukavu ao Bunia, si ajabu kukuta kijana amevaa sungura kifuani pasipo kujua alitoka shimo gani.

Ni kwa ajili ya biashara hiyo ndiyo kampuni iliingia katika soko la hisa la Nasdaq mwaka wa 2021. Mwishoni mwa mwaka huo huo, ukurasa wa kwanza wa intaneti ulimwonyesha Bretman Rock, kijana wa asili ya Ufilipino anayejulikana kwa kujipamba, amevaa vazi lile lile la sungura lililowabana wasichana wa Steinem. Wapo waliofurahi, wapo waliolaani. Wasichana waliovaa nguo ile miaka ya 60 ili kulisha watoto hawakuulizwa wanaonaje.

Wengine kati ya wanawake wa nyumba ya Hefner walisema wenyewe. Mwezi wa kwanza 2022, televisheni ya Marekani ilionyesha mfululizo wa vipindi ambamo wanawake walioishi ao kufanya kazi kwa Hefner walimtuhumu kwa mambo mazito: kuwatawala, dawa za kulevya, kulazimishwa kufanya mapenzi. Mzee alikuwa amekufa na hakuweza kujibu. Cooper alimtetea baba yake. Kampuni haikumtetea. Iliandika barua ikisema kwamba familia ya Hefner haina tena sehemu ndani yake, na kwamba inawasikiliza na kuwaunga mkono wanawake wanaosema. Mwaka wa 2024 hata mjane wake, Crystal, alitoa kitabu juu ya maisha ya kufungiwa katika nyumba ile, jina lake likichukuliwa kutoka ahadi aliyoombwa: kusema mazuri tu.

Kumkana mwanzilishi ni rahisi kuliko kukana chanzo cha mali. Sungura bado ni yule yule, na anauza kwa sababu ya historia ile ile.

Kitu kilichobadilika kweli hakikutoka Playboy. Kilitoka kwa wanawake wenyewe na simu zao. OnlyFans, shirika la Uingereza lililoanzishwa mwaka wa 2016, humwachia mwenye picha asilimia 80 ya pesa. Mwanamke anajipiga picha, anaweka bei, anamfungia nje asiyemtaka. Mengi yanaweza kusemwa juu ya biashara hiyo, ikiwemo kwamba wengi hawapati kitu na kwamba picha ikishatoka hairudi. Lakini hesabu ya dola 50 kwa dola 500 imegeuzwa. Playboy, iliyochelewa, ilianzisha jukwaa lake la namna hiyo mwishoni mwa 2021, ikimwalika mwimbaji Cardi B kama kiongozi wa ubunifu.

Na si kila mahali mabadiliko yanasomwa sawa. Playboy ya Indonesia, iliyoanza 2006, haikuwa na uchi hata ukurasa mmoja, miaka 10 kabla ya ile ya Marekani. Ofisi yake ilishambuliwa kwa mawe, na mhariri wake alifungwa gerezani mwaka wa 2010 kabla ya kuachiliwa mwaka uliofuata. Jina peke yake lilitosha.

Lena, kwa upande wake, alizeeka Sweden. Katika filamu ya 2019 juu ya picha yake, alisema kwamba kazi ya kupigwa picha aliiacha zamani sana, na kwamba sasa angependa kustaafu katika teknolojia pia. Walimsikia polepole. Kuanzia tarehe 1 mwezi wa nne 2024, shirika kubwa la wataalamu wa ordinatere, IEEE Computer Society, halipokei tena utafiti wowote wenye picha hiyo.

Miezi kumi baadaye, mwezi wa pili 2025, Playboy ya karatasi ilirudi sokoni Marekani.